Bi Koma na Ubeti wa Pili

Kwenye kiwanda chetu cha uchapaji kulikuwa na chumba kimoja ambacho hakikuwa na mashine. Kilikuwa nyuma ya mashine kubwa ya kukatia karatasi, na ndani yake mlikuwa na meza, kiti chenye mto uliochakaa, taa ya kupinda shingo, kamusi mbili na mwanamke mmoja. Kazi yake ilikuwa kusoma. Kila kilichochapwa kwetu, kuanzia kadi za harusi hadi karatasi za mitihani, kalenda, ratiba za mazishi na maandishi ya mifuko ya unga, kilipita kwanza mikononi mwake. Alikisoma mara mbili: mara ya kwanza kutoka juu kwenda chini kama watu wote, mara ya pili kutoka neno la mwisho kurudi la kwanza, ili maana isimpumbaze macho.

Tulimwita Bi Koma. Zamani fundi wa mtambo alirudishiwa kazi nzima kwa sababu ya koma moja iliyokosekana, akazunguka kiwanda kizima akilalamika, na jina likabaki. Madereva waliokuja kuchukua mizigo walidhani tumempa kwa ukali wake, kwamba akikuambia koma, unakoma. Yeye hakuwasahihisha. Nadhani alilipenda.

Mimi nilikuwa meza ya kujalidi vitabu, hatua kumi kutoka mlangoni mwake, na chai ya saa nne tulikunywa pamoja kwa miaka kumi na minane. Haya ninayoyasimulia, mengine niliyaona, mengine alinieleza mwenyewe, kwa mafungu, maana hakuwa mtu wa kumwaga maneno.

Alianza kazi akiwa na miaka ishirini na tisa, ameolewa na fundi wa majokofu, ana mtoto wa kiume wa miaka miwili. Mumewe hakuwa mlevi wala mtu wa kupiga. Alikuwa fundi mzuri na mcheshi mbele za watu, ila alishikilia kwamba mke kutoka asubuhi na kurudi jioni ni aibu kwa mwanamume mwenye mikono yake miwili. Mara ya kwanza alilisema hilo kwa utani, mara ya pili kwa hasira, na mara ya tatu hakusema kitu. Siku hiyo mwenye kiwanda, mzee ambaye sasa ni marehemu, alimwita Bi Koma ofisini akamwonyesha barua ya kuacha kazi iliyoletwa asubuhi, yenye jina lake na sahihi yake.

"Hii hujaandika wewe," mzee alimwambia. "Ina makosa matatu kwenye mstari wa kwanza."

Bi Koma aliisoma. "Nina omba" ilikuwa imetenganishwa, "kuwa" iliandikwa "kua", na jina la kiwanda lilikosewa. Alichukua kalamu nyekundu, akaisahihisha yote mpaka chini, akaikunja na kurudi kwenye kazi za siku ile. Jioni aliiweka mezani mbele ya mumewe. Hawakugombana sana. Baada ya mwaka mmoja na miezi kadhaa ya kununiana, siku moja mumewe akiwa kazini, alifunga masanduku mawili, akambeba mtoto aliyekuwa amelala, akaenda kwa dada yake mkubwa, mkunga aliyeishi peke yake karibu na zahanati. Hakurudi tena.

Mtaani walisema ameachwa. Mwanamke akitoka na masanduku, huyo ameachwa, hakuna aliyewaza neno jingine. Mwanzoni aliwasahihisha: sikuachwa, nimeacha mimi. Wakamtazama kwa huruma, wakaona ni maneno ya kujikaza. Mwaka wa pili alichoka. Kwenye fomu za kila ofisi kulikuwa na vijisanduku: ameolewa, hajaolewa, ameachwa, mjane. Nyingi ya fomu hizo tulichapa sisi, yeye mwenyewe akizisoma mara mbili, na hazikuwa na kosa hata la herufi moja. Alitia alama kwenye cha tatu na maisha yakaendelea. Mtoto alikua, akasoma, akawa mpimaji ardhi, akaoa, akahamia mji mwingine mwendo wa saa tatu.

Mwaka yalipotokea haya, Bi Koma alikuwa na miaka hamsini na minane.

Asubuhi moja aliingia kiwandani mwimbaji ambaye mji mzima ulimjua kwa jina la Nyuki, kwa kuwa alikuwa na tabia ya kuvuma puani kabla ya kuanza kuimba. Alikuja mwenyewe, hakutuma mtu. Alitaka mabango na kijitabu cha mashairi kwa ajili ya wimbo mpya aliouimba na mwenzake wa ng'ambo. Alisema walikutana kwenye mkusanyiko wa wanamuziki, wakapangiwa chumba kimoja, na usiku wa kwanza kila mmoja alimpigia mwenzake nyimbo za kwao kwenye simu. Wakakubaliana kutunga wimbo mmoja juu ya wanawake waliojikwamua: wenye kazi zao, wanaotawala, wanaoendesha, wanaosema hapana. Mgeni, ndivyo tulivyomwita yule wa ng'ambo, aliimba ubeti wa kwanza kwa lugha yake, Nyuki ubeti wa pili kwa Kiswahili, na kiitikio wote wawili kwa Kiswahili. Mgeni alikwisharekodi sehemu yake kwao na kuituma, na baada ya wiki mbili angekuja kupiga picha za video.

Karatasi ya mashairi ikapelekwa chumba cha kusomea. Kwa kawaida kazi ilirudi kwetu kupitia dirisha dogo, ikiwa na alama nyekundu, bila neno. Siku hiyo Bi Koma alitoka mwenyewe, miwani ikiwa juu ya paji la uso.

"Mwanangu," alimwambia Nyuki, "huyu mwenzako ameimba kama palivyoandikwa hapa?"

Nyuki alisema ndiyo, neno kwa neno, karatasi ndiyo hiyohiyo waliyomtumia.

"Hapa pameandikwa wanawake tumeshindwa."

Nyuki alicheka, akasema haiwezekani, akaichukua. Ilikuwa pale, waziwazi. Aliyeichapa ni prodyuza wao, kijana wanayemwita Profesa, ambaye huandika kwa vidole viwili huku jicho moja likiwa kwenye mitambo. Nyuki akatoa simu, akaupiga wimbo. Fundi wa mtambo alizima mashine, tukasogea wote. Sauti ya Nyuki ilikuwa juu, nzuri kama kawaida, na chini yake ilikuwapo sauti nene ya Mgeni, ikitamka kila silabi kwa bidii ya mtoto wa darasa la kwanza: wanawake tumeshindwa, tumeshindwa, tumeshindwa. Kiitikio kilirudiwa mara nne. Wote pale kiwandani tungesikia "tumeshinda" kama tusingeambiwa, maana sikio husikia linachokitaka. Fundi wa mtambo alisema angalau mama wa watu ameshindwa kwa kujiamini. Tulicheka mpaka tukashika mbavu. Nyuki alikaa juu ya rundo la karatasi akajishika kichwa.

Kulikuwa na alama nyingine. Ubeti wa pili ulikuwa hivi: nilifungwa, nikafunguliwa, nilinyimwa, nikapewa, nililia, nikafutwa machozi. Pembeni, Bi Koma alikuwa ameandika kwa wino mwekundu neno moja: Nani? Nyuki alipouliza maana yake, alijibiwa kwamba si kosa la lugha, ni swali tu. Nani alimfungua, nani alimpa, nani alimfuta machozi, maana wimbo unasema mwanamke amejikwamua, na mwanamke mwenyewe katika ubeti mzima hafanyi kitu, anafanyiwa. Nyuki alikasirika kidogo. Alisema wimbo si mtihani, watu wanataka kucheza. Akaondoka na karatasi yake.

Kesho yake alirudi na kumwomba Bi Koma aende studio kumfundisha Mgeni kutamka, kwa sababu sehemu ya Kiswahili itarekodiwa upya atakapofika. Mwenye kiwanda, mtoto wa yule mzee, alimpa ruhusa ya alasiri tatu.

Studio yenyewe ilikuwa chumba nyuma ya duka la vipuri vya pikipiki. Kuta zilibandikwa sponji la magodoro, mlango uliwekewa blanketi, na feni ilizimwa kila walipoanza kurekodi kwa sababu ilivuma kwenye maiki. Baada ya nusu saa watu walikuwa wamelowa. Mgeni alikuwa mwanamke mrefu wa miaka arobaini hivi, nywele fupi, mwenye kicheko cha haraka. Alifundishwa salamu kwenye ndege, akajifunza swali na jibu pamoja, hivyo alimpokea Bi Koma mlangoni kwa heshima zote, "Shikamoo marahaba," kwa pumzi moja. Bi Koma aliitika kwamba basi yeye hana la kuongeza.

Mgeni na Nyuki walizungumza Kiingereza. Cha Bi Koma kilikuwa cha kuombea maji, kwa hiyo Nyuki alitafsiri. Bi Koma hakuanza na wimbo. Alimweka Mgeni mbele ya kioo kidogo, akamwambia atazame midomo yake. Ukisema "shinda", midomo inabaki wazi. Ukisema "shindwa", inasogea mbele kama inataka kubusu. Mgeni akajaribu, akasema kwa hiyo kumbe kushindwa ni kubusu. Profesa akasema kwa upande wake imekuwa hivyo kila mara. Walikaa saa nzima kwenye neno hilo moja, na Bi Koma akamweleza pia kwamba "tumeshinda" kuna wakati haihusiani na ushindi, mtu anaweza tu kushinda jikoni au shambani, yaani kukaa huko kutwa. Hilo lilimfurahisha sana Mgeni. Alisema mama yake angelipenda.

Ndipo akaeleza ubeti wake wa kwanza unasema nini. Mama yake alikuwa mwanamke wa kwanza kuendesha treni za mjini kwao. Siku ya kwanza abiria walimwona kwenye kioo cha mbele, wakashuka. Alifika kituo cha mwisho na abiria wawili, kizee mmoja asiyeona vizuri na mwanafunzi aliyelala. Aliendesha miaka ishirini na sita. Bi Koma aliuliza kama wale abiria walirudi. Mgeni alisema walirudi kidogokidogo, kwa sababu treni ilikuwa ni hiyohiyo na kutembea ni mbali.

Alasiri ya pili Mgeni alikuja amejifunza sentensi kwenye simu yake usiku, akataka kuzionyesha. Alisimama katikati ya chumba akasema, "Mimi nimeoa. Mume wangu ni mpishi."

Profesa alicheka akagonga vitufe vya kompyuta kwa kiwiko. Nyuki naye alijiinamia. Mgeni akauliza wanacheka nini. Nyuki alimweleza kwamba hapa mwanamume huoa na mwanamke huolewa, kwa hiyo yeye ameolewa, hajaoa. Mgeni alifikiri, akasema kwao neno ni moja kwa wote wawili, kisha akauliza ndoa ikivunjika inakuwaje. Nyuki akasema mwanamume huacha, mwanamke huachwa.

"Na mwanamke akiondoka mwenyewe?"

Profesa alisema hata hivyo watu watasema ameachwa.

Bi Koma alikuwa kwenye kigoda pembeni, karatasi mapajani, akipepea shingo yake kwa bahasha.

"Mimi niliacha," alisema.

Profesa aliinuka akawasha feni. Bi Koma akawaeleza kwa sentensi chache, kama anavyosoma: kazi, barua, masanduku, mtoto begani, na kwamba mlango aliufunga polepole mtoto asiamke. Nyuki alimtafsiria Mgeni yote, mpaka kwenye mlango. Mgeni hakumkumbatia wala kusema pole. Aliuliza ni miaka mingapi sasa. Aliposikia ishirini na saba, akauliza katika miaka hiyo amelisema neno lile mara ngapi. Bi Koma alihesabu na kusema tangu mwaka wa pili, hii ni mara ya kwanza.

Siku hiyo hawakurekodi. Nyuki alimsindikiza mpaka barabarani, akamwomba kauli yake iwe ubeti wa pili, bila jina. Bi Koma alisema atafikiri.

Dada yake, yule mkunga, sasa mstaafu mwenye magoti mabovu, alipinga. Alisema yamekwisha, yameoza, yamekuwa mbolea, kwa nini kuyachimbua na kuyapeleka redioni. Alisema pia, na hili ndilo lililomzuia Bi Koma kulala vizuri, kwamba kuna mtu mwingine ndani ya habari hiyo, naye yupo hai, mitaa miwili tu kutoka pale.

Basi Jumamosi asubuhi alikwenda. Mumewe wa zamani alikuwa na karakana ya majokofu kwenye kona, na mke mwingine, na mabinti wawili waliokwisha kuwa wakubwa. Bi Koma aliwahi kumpita barabarani mara mia, wakasalimiana kama majirani wa mbali. Karakana hakuwahi kuingia. Alimkuta amelala kifudifudi, mkono umezama nyuma ya jokofu. Alipoinuka na kumwona, alijifuta mikono muda mrefu kuliko ilivyohitajika, akamletea kiti.

Bi Koma alimweleza bila kuzunguka. Kuna wimbo, una ubeti, ubeti unasema mwanamke aliacha. Hakuna jina la mtu wala la mtaa. Hakuja kuomba ruhusa. Amekuja ili asilisikie kwa watu.

Fundi alikaa juu ya jokofu lililolazwa.

"Lakini ni kweli," alisema. "Uliniacha."

"Na wewe uliwaacha watu waseme umeniacha."

"Nilikuwa na miaka thelathini na tatu. Wangenicheka." Alichezea bisibisi. "Nikadhani wewe umekwenda zako, neno halikudhuru."

"Lilinidhuru kidogokidogo."

Alikubali kwa kichwa. Kisha akasema jambo ambalo Bi Koma hakulitarajia. Alisema kijana wao hamsalimii mpaka leo. Wakikutana msibani anapitia upande wa pili, kwa sababu anaamini baba yake aliwafukuza yeye na mama yake. Alisema hili si la watu wa mtaani, hili Bi Koma mwenyewe alikuwa na uwezo wa kulisahihisha tangu mtoto yuko darasa la nne, hakulisahihisha.

Ilikuwa kweli. Mtoto alipokuwa mdogo alirudi siku moja kutoka shule analia, ameambiwa baba yao aliwatupa, naye Bi Koma alimfuta machozi, akampa mkate na chai, na hakusema kitu. Ilikuwa rahisi mtoto kumwonea mama huruma kuliko kumwuliza kwa nini aliondoka. Miaka ikapita, ikawa vigumu kuanza.

"Mwambie kijana kwanza," fundi alisema. "Kabla hajasikia redioni. Sina la kuomba zaidi ya hilo."

Jumapili Bi Koma alimpigia mwanawe simu akamwambia aje, si ugonjwa, lakini aje. Alikuja siku hiyohiyo na mkewe. Dada mtu akampeleka mkwe jikoni kumwonyesha sufuria mpya, sufuria ambayo haikuwa mpya, na mama na mwana wakabaki sebuleni. Alimsimulia tangu mwanzo. Kijana alisikiliza akitazama sakafu. Alipomaliza, aliuliza swali moja tu: alipokuwa akimlilia kwamba baba hawapendi, mama alikuwa akifikiri nini. Bi Koma alisema alikuwa akifikiri kwamba kesho atamwambia. Kijana alisimama, akamwita mkewe, wakaondoka kabla ya chakula. Kwa wiki tatu hakupiga simu, na Bi Koma naye hakumsumbua. Kazini alisoma kalenda ya mwaka mzima akaacha Februari ikiwa na siku thelathini. Mimi ndiye niliyeiona, kwenye kujalidi, nikamrudishia kimyakimya.

Hata hivyo, Jumatatu ile baada ya kuzungumza na mwanawe, alikwenda studio akamwambia Nyuki aandike. Waliuandika pamoja, watatu, Mgeni akiuliza maana ya kila neno na kutaka liwe la mtu anayetenda. Ukatoka hivi:

Sikufukuzwa, niliondoka,
sikuachwa, niliacha,
mlango niliufunga mwenyewe,
polepole, mtoto amelala.

Nyuki aliuimba mara ya kwanza bila ala, ameketi sakafuni, na Profesa aliyezoea kukatiza kila mtu hakukatiza. Baadaye walipata wazo kwamba mstari wa pili autamke Bi Koma mwenyewe, kwa maneno, bila kuimba. Wakamvisha hedifoni, wakazima feni. Alijaribu mara sita. Alisoma kwa usahihi mno, kila koma mahali pake, mpaka Profesa akasema, "Bi Koma, samahani, unasikika kama tangazo la kukatika kwa maji." Yeye mwenyewe alivua hedifoni akicheka. Wazo hilo likafa, na hakuna aliyeliomboleza.

Mgeni alishinda. Nasema alishinda kwa maana zote, kwa kuwa alishinda mle ndani kutwa nzima, na jioni kiitikio kilikuwa safi. Katika mstari wa mwisho wa ubeti wa pili, aliouitikia pamoja na Nyuki, ni neno moja tu lilibaki na kasoro, "polepole", ambalo yeye alilitamka kama watu wawili wanasema pole, kila mmoja kwa wakati wake. Nyuki alitaka lirudiwe. Bi Koma ndiye aliyesema liachwe, kwa sababu mtu yeyote atakayelisikia atalielewa. Mimi, niliyemjua kwa miaka kumi na minane, nilipoambiwa hivyo sikuamini.

Kijitabu tulikichapa sisi. Ukurasa wa mwisho ulikuwa na orodha ya walioshiriki, na Bi Koma aliusoma kama kurasa nyingine. Yeye walimwandika "mkalimani". Alilikata neno, akaandika "msahihishaji", akaendelea na mstari uliofuata.

Wimbo ulitoka ukapendwa, lakini si na watu wote. Mtangazaji mmoja alisema unawafundisha wanawake kubeba masanduku, na kwa siku mbili watu walipiga simu kituoni wakibishana kama neno "niliacha" linafaa kinywani mwa mwanamke. Mwalimu mmoja alipiga akasema kwa sarufi halina tatizo. Kwenye kiwanda chetu uliimbwa mpaka tukauchoka. Mke wa sasa wa fundi majokofu alikutana na Bi Koma sokoni, akasimama naye kwa muda, wakazungumza bei za vitu na miguu inayovimba, na mwishoni akasema ameusikia ule wimbo, mumewe amemweleza yote, na afadhali amejua. Basi, wakaagana.

Wiki ya nne mwanawe alipiga simu. Hakutaja waliyozungumza. Alisema jokofu lake limeharibika na analileta mjini kwa gari la kazini, akauliza kama ile karakana iko kona ileile. Bi Koma alimwambia ipo. Baadaye alisikia kwa dada yake, aliyesikia kwa jirani, kwamba jokofu lilitengenezwa kwa dakika ishirini na mwenye jokofu alikaa pale kwa muda wa saa nne. Walizungumza nini hakuuliza, na mimi sikumwuliza yeye. Siku hiyo jioni kijana alipita kwa mama yake, akala, akalala, akaondoka asubuhi. Bado alikuwa na kinyongo kidogo, aliniambia Bi Koma, na ana haki nacho.

Mgeni alirudi mwaka uliofuata, wakafanya onyesho na Nyuki alasiri moja kwenye uwanja wa mpira. Bi Koma alipewa kiti cha mbele, pamoja na dada yake na mimi. Maspika yalikuwa makubwa kama makabati, na wimbo wa kwanza tu ulitosha: dada mtu alishika masikio, Bi Koma akashika kifua, tukainuka na kutoka tukiwaomba radhi watu waliokanyagwa. Tulikaa nje ya geti, kwenye benchi la wakata tiketi, tukanunua soda. Kutoka pale muziki ulifika vizuri tu. Ubeti wa pili ulipofika, Nyuki alinyamaza akawaachia watazamaji, na sauti za wanawake, elfu kadhaa, zikauimba wote.

Mmoja wa wakata tiketi, mama mwenye umri kama wetu, alikuwa akiuimba pia huku akipanga vipande vya tiketi. Alimwuliza Bi Koma kama anaujua. Bi Koma alisema anaujua kidogo. Yule mama akamwambia auimbe basi, mbona anakaa kimya, na Bi Koma akajibu kwamba yeye sauti hana. Dada yake akasema hilo ni kweli kabisa, hata nyumbani wamemkataza. Tulimaliza soda, tukarudisha chupa, tukaondoka taratibu kwa ajili ya yale magoti, kabla umati haujatoka.